Saa 41 zikawa dakika 52: tathmini ya huduma ya mhariri wa filamu za makala, Ngamiani, Tanga

Tangu filamu yetu ya wazee wa mkonge ilipoanza kuonyeshwa, nimekuwa nikipigiwa simu na watu wa Muheza, Korogwe na hata Dar es Salaam wanaotaka kujua ni nani aliyeihariri, alilipwa kiasi gani na kama ninaweza kumpendekeza bila wasiwasi. Badala ya kuendelea kumjibu mmoja mmoja, nimeona niandike tathmini kamili ya huduma tuliyoipata, pamoja na kasoro zake, ili anayetaka kumpelekea kazi ajue anakwenda kununua nini. Mhariri mwenyewe ameniomba nisiandike jina lake wala namba yake ya simu hapa, kwa kuwa hushika kazi moja tu kwa wakati na amechoka kugongewa mlango na watu wenye video za harusi. Jina lake limo ndani ya filamu, na anayemhitaji kwa dhati atalisoma huko.

Nianze na mzigo tuliompelekea. Sisi ni kikundi cha watu saba, wengi wetu walimu wastaafu na karibu wote watoto wa wafanyakazi wa mashamba ya mkonge. Kwa miaka miwili tulizunguka kambi za zamani, kuanzia upande wa Pangani hadi Korogwe, tukiwarekodi wazee walioletwa katika mkoa huu enzi za ukoloni kama manamba, yaani vibarua wa mkataba wa mashambani: Waha kutoka Kigoma, Wabena na Wahehe kutoka nyanda za juu kusini, Wamakonde waliovuka Ruvuma. Mkonge wenyewe ni mgeni kama wao. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, ikapitia Hamburg, na iliyofika hai na kupandwa Kikogwe, Pangani, ilikuwa 62 tu. Kufikia mwaka 1964 nchi hii ilikuwa inazalisha takriban tani 230,000 za singa, yaani nyuzi za mkonge, kwa mwaka, na hakuna nchi nyingine duniani iliyoifikia. Hayo yameandikwa vitabuni. Sisi tulitaka sauti za waliokata hayo majani kabla hazijazikwa, na tulipomaliza tulikuwa na saa 41 za picha, nyingine za kamera ya kuazima, nyingine za simu ya mpwa wangu, na sauti zilizorekodiwa pembeni kwa kinasa sauti kidogo.

Kabla ya kumfahamu mhariri huyu tulifanya kosa ambalo nadhani wengi hulifanya. Tuliipeleka kazi kwenye studio moja ya video za harusi, tukalipa shilingi 600,000, na baada ya siku tisa tukakabidhiwa filamu ya saa moja na dakika arobaini yenye filimbi ya huzuni mwanzo hadi mwisho. Picha zilikuwa zinafunuka kama kurasa za daftari. Mzee wa miaka 88, anayesimulia jinsi rafiki yake alivyokatwa mkono na korona, ile mashine ya kutoa nyuzi kwenye majani ya mkonge, alitokea kwenye skrini akiwa ndani ya umbo la moyo. Siwalaumu sana vijana wale, kwa sababu walitufanyia walichokizoea na kwa kasi waliyoizoea. Kama walitazama hata saa sita kati ya zile 41, walijitahidi. Sisi ndio tuliokuwa hatujui kwamba kuna kazi nyingine kabisa yenye jina hilohilo la kuhariri.

Chumba chake kiko Ngamiani, katika mojawapo ya zile barabara za namba, nyuma ya duka la vifaa vya umeme. Ni chumba kidogo chenye dirisha lililozibwa kwa godoro la sponji ili kelele za pikipiki zisiingie, meza moja, skrini mbili, spika mbili ndogo, na rafu ya diski zilizobandikwa karatasi za majina kwa mwandiko safi. Kiti cha mgeni ni kimoja, na hakina mto. Nilipoingia mara ya kwanza aliniamkia, akanikaribisha kile kiti, kisha akaniuliza maswali manane au tisa mfululizo bila kutazama picha hata moja: ni saa ngapi kwa jumla, nani alipiga, sauti iko pembeni au ndani ya kamera, wazee wanazungumza lugha gani, wamekubali kwa maandishi, kuna nakala ngapi na ziko wapi. Swali hilo la mwisho lilinitia aibu, kwa maana nakala ilikuwa moja na nilikuwa nimeibeba ndani ya mfuko wa plastiki. Hakuendelea na mazungumzo mpaka nilipokwenda dukani kununua diski ya pili. Siku hiyo tuliondoka na nakala tatu: moja kwake, moja kwangu, na ya tatu ikapelekwa Muheza kwa mwenzetu, ili hata nyumba moja ikiungua kazi ibaki.

Kuhusu bei, ni vizuri kusema wazi kwa sababu hapo ndipo watu wengi hugeuzia mlangoni. Hatozi kwa filamu wala kwa dakika. Hutoza kwa wiki, na kwetu ilikuwa shilingi 300,000 kwa wiki ya siku sita. Alikadiria wiki saba na akataka asilimia 40 ya makadirio hayo, yaani shilingi 840,000, kabla ya kuanza. Mmoja wetu aliuliza kwa nini tulipe wiki tatu za kwanza wakati, kwa maelezo yake mwenyewe, katika wiki hizo hatakuwa amekata chochote. Alijibu kwa upole kwamba atakuwa anatazama. “Saa 41 hutazamwa kwa saa 41, Mwalimu, na ukisimama kuandika unachokiona huwa 80 au 90.” Nilikwenda nyumbani nikapiga hesabu hiyo kwenye karatasi, nikaona hakutudanganya.

Historia yake katika kazi hii nilikuja kuipata kidogo kidogo, wakati wa kungoja mashine imalize mambo yake. Alianza akiwa msichana wa miaka ishirini na moja, muda mfupi baada ya televisheni kuanza Tanzania Bara mwaka 1994, kama msaidizi wa kubeba kanda katika kituo kimoja cha Dar es Salaam. Wakati huo kuhariri kulikuwa ni mashine mbili: moja inacheza, nyingine inarekodi, na mhariri anahamisha kipande baada ya kipande kwa mfuatano. Ukitaka kuongeza sekunde tano katika dakika ya pili wakati umeshafika dakika ya ishirini, basi kila kilichofuata unakirudia upya, au unahamisha kanda yote na picha zinapungua ubora. Anasema shule yake ilikuwa hiyo, kwa sababu ilimlazimu kuijua filamu kichwani kabla ya kugusa kitufe. Miaka sita alikaa katika taarifa za habari, ambako makala ya dakika tatu ilitakiwa iishe kabla ya saa mbili usiku. Kisha kompyuta zikaingia, akajifunza upya, akahamia kwa watengenezaji wa filamu za makala ambako alifanya kazi ya kupanga na kuorodhesha klipu za watu wengine kwa muda mrefu kabla hajapewa filamu yake mwenyewe. Alirudi Tanga kumuuguza mama yake na hakuondoka tena. Kazi za Arusha na Dar es Salaam humfikia kwa basi, diski ikiwa imefungwa ndani ya boksi la viatu, kwa kuwa mzigo wa saa nyingi kama wetu ungechukua siku kadhaa kupita kwenye intaneti na basi la asubuhi linafika jioni.

Nilimuuliza kama mtu anaweza kuishi kwa kazi hiyo. Kwa filamu za makala peke yake, hapana. Kwa mwaka hupata mbili, mwaka mzuri tatu, na miezi inayobaki huhariri mafunzo ya wakulima, ripoti za miradi na vipindi vya mashirika. Harusi hafanyi. Ameanza pia kufundisha vijana wawili jioni, lakini mmoja amekwisha kimbilia kutengeneza klipu za sekunde thelathini za wasanii, zenye malipo ya papo kwa hapo, na simlaumu kijana huyo hata kidogo.

Sasa nieleze kazi ilivyofanyika, maana hapo ndipo thamani ya fedha ilipoonekana. Tatizo la kwanza lilikuwa la kiufundi. Kamera yetu ilirekodi fremu, yaani picha moja moja, 25 kwa sekunde, kama inavyotumika kwenye televisheni za hapa, lakini simu ya mpwa wangu ilikuwa ikirekodi kwa fremu 30 za kubahatisha. Simu nyingi, mwanga unapopungua, hupunguza kasi zenyewe bila kumwambia mpigaji. Kwa hiyo sauti ya kinasa ilipooanishwa na picha ya simu, mwanzo wa mazungumzo midomo na maneno viliendana vizuri, lakini baada ya dakika 40 mzee alikuwa anafunga mdomo na sauti yake bado inaendelea. Ile studio ya harusi ilitatua tatizo hilo kwa kuweka filimbi juu yake. Huyu alizigeuza klipu zote za simu ziwe na kasi moja thabiti, akazioanisha upya kipande kwa kipande, na akatengeneza nakala nyepesi za picha zote ili kompyuta yake, ambayo si mpya, iweze kuzicheza bila kukwama. Kazi hiyo ilimeza siku tano. Siku hizo tano hazionekani popote katika filamu, na nadhani ndiyo sababu wateja huona uchungu kuzilipia.

Baada ya hapo alitazama. Kila mazungumzo aliyaandika kwenye karatasi neno kwa neno, na pale wazee walipoingiza Kiha au Kibondei alitutaka tumtafsirie, akaandika pembeni dakika na sekunde ya kila sentensi. Karatasi zilijaa faili mbili nene. Wiki ya nne alitandika vipande vya karatasi sakafuni, kila kipande kikiwa na tukio moja, akavihamisha huku na huku kwa siku mbili kabla hajarudi kwenye kompyuta. Nilipovitazama vile vipande nilikumbuka korona. Jani la mkonge likipita kwenye mashine, singa zinazotoka ni kama sehemu 4 tu katika kila 100 za uzito wake, na kilichobaki ni maji na makapi yanayotiririka mferejini. Dakika 52 kutoka katika saa 41 ni kama 2 katika kila 100. Tofauti ni kwamba korona haichagui, na yeye alikuwa anajua kila kilichokwenda mferejini kina nini ndani yake, jambo ambalo lilitusaidia kwa namna ambayo sikuitarajia.

Kuna mzee mmoja wa Korogwe ambaye bado anacho kipande chake, ile kadi ya kazi yenye nafasi za siku 30, ambayo kila nafasi iliwekwa alama baada ya kazi ya siku kukubaliwa, na mshahara haukutoka mpaka kadi ijae. Mimi ndiye niliyemhoji. Katika picha ya kamera kubwa anaishika ile kadi, anaanza kuitazama, na hapohapo sauti yangu inamrukia kwa swali jingine. Miaka thelathini na minne ya kufundisha darasani imenifanya niogope ukimya. Nilikuwa nimekwisha kubali kwamba sehemu hiyo imeharibika. Mhariri alinionyesha kitu ambacho hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kukiona. Tulipomaliza mahojiano, wakati tunakunja nyaya na kufunga begi la kamera, simu ya mpwa wangu ilisahauliwa juu ya mtungi ikiwa bado inarekodi. Mle ndani mzee yumo pembeni ya picha, amebaki na kadi yake, anapitisha kidole gumba juu ya zile nafasi moja baada ya nyingine huku midomo ikicheza. Anahesabu hadi 29. Anasimama, anairudisha kadi karibu na macho, anaanza upya.

Ni sekunde 26. Mhariri alipunguza kelele za begi na nyaya kadiri ilivyowezekana, akaikuza picha kidogo ili mtungi usionekane, na hakuweka muziki wala maneno. Mzee anapoanza kuhesabu kwa mara ya pili, mngurumo wa korona tulioupata katika shamba linalofanya kazi unaanza kusikika chini kwa chini wakati bado tunatazama kidole chake, ndipo picha inahamia kwenye mashine. Watu waliotazama filamu hii huniuliza tulimwelekezaje mzee afanye vile. Hatukumwelekeza, na klipu yenyewe ilikuwa kwenye kundi nililoliandikia kwa mkono wangu neno “makosa”.

Jambo jingine ninalomsifia ni uangalifu wake kwa watu waliomo ndani ya picha. Mzee mmoja alimtaja kwa jina nyapara aliyempiga, na akaeleza mambo mengine ya aibu kuhusu familia yake. Wajukuu wa nyapara yule bado wanaishi kijijini hapo. Mhariri aliondoa jina na yale ya familia, akabakiza kipigo, kisha akatutaka tuende kwa msimuliaji na kompyuta tumchezee sehemu hiyo kabla filamu haijafungwa. Safari hiyo ilitugharimu siku nzima na nauli ya watu watatu, na baadhi yetu tulinung’unika. Mzee alitazama, akakubali, ila akaomba tuondoe pia sentensi moja aliyoisema kuhusu marehemu mkewe. Ikaondolewa.

Nisije nikaonekana nimetumwa kumsifu tu, niseme pia alipokosea. Katika mkato wa kwanza aliondoa karibu sehemu yote ya wanawake: waliokuwa wakianika singa, waliofanya kazi za shamba na waliopikia kambi. Hoja yake ilikuwa kwamba mazungumzo yao yalirekodiwa vibaya, upepo umeingia kwenye sauti, na kwamba yanapunguza mwendo katikati ya filamu. Kuhusu upepo alikuwa sahihi. Kuhusu hayo mengine nilimwambia hapana, na mwenzetu ambaye mama yake alikuwa mmoja wa wanawake hao alimwambia hapana kwa sauti kubwa zaidi. Alichofanya ni kutengeneza matoleo mawili, akawaita majirani zake wanne wasiojua lolote kuhusu filamu hii, akawaonyesha lile lake kwanza. Swali la kwanza kutoka kwa jirani lilikuwa kuhusu waliko wanawake. Akarudisha dakika tatu na nusu usiku uleule, akafunika sehemu zenye upepo kwa picha za singa zikiwa zimeanikwa, na hakununa. Mhariri anayekataa kila kitu ni mzigo, na anayekubali kila kitu ni mzigo zaidi. Huyu hubishana hadi apate sababu, na akiipata huacha.

Kasoro ambazo sikuzipenda ni hizi. Kazi iliyokadiriwa wiki saba ilichukua kumi na moja. Wiki mbili za ziada tulizisababisha sisi wenyewe kwa kuleta picha mnato za zamani tulizozipata katikati ya kazi na kwa ile safari ya kijijini, lakini wiki mbili nyingine zilipotea baada ya umeme kurudi kwa kishindo na kuunguza kifaa cha kompyuta kilichotakiwa kuletwa kutoka Dar es Salaam. Betri ya dharura alikuwa nayo, ila ilikuwa imechoka, na mtu wa uzoefu wake alipaswa kuibadilisha mapema. Kwa haki hakututoza wiki hizo mbili, tukalipa tisa, yaani shilingi 2,700,000. Kasoro ya pili ni kwamba hana mkataba aliouandaa. Tulipouomba ndipo akachukua karatasi na kuuandika kwa mkono, na suala la nani anamiliki mafaili ya mradi baada ya kazi kuisha lilibaki halijatajwa mpaka tulipolikumbuka wenyewe. Ya tatu ni mawasiliano. Katika zile wiki tatu za kutazama haruhusu mteja kukaa chumbani, hajibu ujumbe kabla ya Alasiri, na mteja mwenye wasiwasi kama mimi huweza kudhani kwamba fedha zimekwisha liwa.

Kasoro kubwa zaidi ilikuwa manukuu ya Kiingereza, ambayo tuliyahitaji kwa ajili ya kuipeleka filamu nje. Yeye hayafanyi, humpa mtu mwingine, na sisi tulilipa shilingi 250,000 zaidi kwa kazi iliyokuja na makosa ya wazi. Neno “manamba” lilitafsiriwa mahali pamoja kama namba za kuhesabia, na “kipande” kikawa kipande cha nguo. Tuliyasahihisha wenyewe kwa siku nne. Ninamshauri yeyote atakayekwenda kwake ajitafutie mtafsiri wake, ikiwezekana mtu aliyewahi kuishi kambini.

Palizuka pia ubishi kuhusu majina. Alitaka jina lake litokee peke yake kwenye skrini mwishoni, mara baada ya yetu, na wawili kati yetu waliona anajikweza, kwa kuwa yeye alilipwa na sisi tulijitolea. Mimi nilisimama upande wake. Katika kusoma kwangu nilikuwa nimekutana na habari za Elizaveta Svilova, mhariri wa Kirusi ambaye katika filamu ya mwaka 1929 iliyoongozwa na mumewe Dziga Vertov anaonekana mwenyewe akiwa mezani, akikata na kuunganisha ukanda. Na za Mmarekani Charlotte Zwerin, ambaye ndugu wawili wa ukoo wa Maysles walimwandika kama mwongozaji mwenza mwishoni mwa miaka ya 1960, kwa sababu filamu zao zilipata umbo kwenye meza yake ya kuhariria. Sikudai kiasi hicho kwa ajili ya huyu wa Ngamiani. Nilisema tu kwamba aliyeikuta hesabu ya mzee ndani ya klipu tuliyoitupa hawezi kuandikwa kwa herufi ndogo pamoja na aliyetuazima gari. Likapita.

Mwisho wa kazi tulikabidhiwa filamu yenyewe katika ubora wa juu, nakala nyepesi ya kuonyeshea kwa projekta vijijini, nakala nyingine isiyo na manukuu, faili zote mbili za karatasi za mazungumzo, na diski yenye mradi mzima uliopangwa kwa utaratibu ambao hata mimi ninaweza kuufuata. Karatasi zile peke yake, kwa maoni yangu, zina thamani karibu sawa na filamu, maana zimebeba maneno yote ya saa 41 na siyo ya dakika 52 tu. Alitukumbusha pia kwamba kabla ya maonyesho ya hadhara filamu hupelekwa Bodi ya Filamu ikaguliwe na kupangiwa daraja, jambo ambalo studio ya awali haikulitaja kabisa.

Je, ninampendekeza? Kwa mtu mwenye video ya mahafali, ya harusi au ya uzinduzi wa duka, hapana. Atalipa kupita kiasi na atasubiri bure. Kwa mwenye mazungumzo mengi ya watu halisi, anayejua kwamba ndani yake kuna kitu lakini hajui kiko wapi, ndiyo, na kwa bei hiyo sijaona mwingine Tanga. Aende na fedha za wiki mbili zaidi ya makadirio, adai mkataba ulioandikwa, na apeleke diski mbili. Kwa sasa ameshika kazi ya watu wa Arusha na hapokei nyingine mpaka baada ya Idi.

Apeleke pia kila kitu alichorekodi, bila kukichambua kwanza. Mpwa wangu, kabla hatujamfahamu mhariri huyu, alifuta klipu kumi na nne kwenye simu yake ili apate nafasi, zote zikiwa zimerekodiwa kwa bahati mbaya baada ya mahojiano kwisha. Nilipomweleza mhariri hilo aliuliza tu zilikuwa za wazee gani, akaandika majina yao kwenye karatasi, akaibandika ukutani juu ya meza. Nilipokwenda wiki iliyopita kuchukua risiti, karatasi ilikuwa bado ipo.